Abiria wa bodaboda aliyevunjika mguu: je, kutovaa helmeti kunamnyima fidia?

Bint Bombo anauliza:

Assalaam alaykum, na salamu kwa ndugu wote.

Ninaomba ushauri kwa niaba ya mdogo wangu, ambaye ni fundi cherehani mwenye kibanda Kireka, hapa Uganda. Asubuhi moja alipanda bodaboda kuelekea Mukono kupeleka sare za shule alizokuwa amezishona. Walipofika Bweyogerere walilikuta lori likienda polepole, na dereva wa boda akaamua kulipita upande wa kushoto, kati ya lori na ukingo wa barabara. Kabla hajamaliza kulipita, lori nalo likakata kushoto kuingia kituo cha mafuta. Muuza chapati mwenye meza yake hapohapo, pamoja na kijana mmoja wa kituo, wanasema kwamba lori halikuwasha taa ya kuonyesha kuwa linakata.

Mdogo wangu alivunjika mfupa wa muundi, mguu wa kulia, na akachanika kwenye paji la uso hadi akashonwa. Mguu umewekewa vyuma. Ndio mguu anaokanyagia cherehani, na daktari amesema hawezi kueleza kama utarudi katika hali yake mpaka vyuma vitolewe. Dereva wa boda alitoka na michubuko tu. Wakati wa ajali helmeti ya abiria ilikuwa inaning'inia kwenye usukani wa pikipiki, na afande wa trafiki ameliandika jambo hilo katika maelezo yake.

Mwenye lori ni kampuni ya usafirishaji. Imemtuma mtu wake kuja kutuona, naye ametueleza mambo matatu: kwamba mdogo wangu hakuvaa helmeti, kwa hiyo kisheria amejiumiza mwenyewe, kwamba mwenye boda ndiye aliyepita mahali pasiporuhusiwa, kwa hiyo madai yetu tuyapeleke kwake, na kwamba hata tukienda mahakamani bima ya lori hailipi zaidi ya shilingi milioni 1 kwa mtu. Kisha akasema kuwa kampuni, kwa ubinadamu tu, iko tayari kutoa shilingi 1,500,000, mradi mdogo wangu atie sahihi karatasi inayosema kwamba hatadai chochote tena dhidi yao.

Gharama za matibabu zimekwisha kupita kiasi hicho. Je, maneno ya mtu huyo ni kweli? Na je, tuisaini karatasi hiyo au tuiache?

---

Karani Mstaafu, Jinja anajibu:

Wa alaykum salaam, binti yangu. Pole sana, na umfikishie mgonjwa pole zetu. Nimefanya kazi katika masijala ya mahakama kwa miaka mingi, mimi si wakili, lakini majalada ya ajali za barabarani yamepita mikononi mwangu mengi, na hoja ulizoambiwa ninazifahamu vizuri kwa sababu karibu kila mwenye gari huanza nazo.

Nitaanza na hoja ya pili, kwa sababu ndiyo inayowapotosha abiria wengi. Abiria habebi kosa la dereva wake. Zamani ilikuwa inafikiriwa kwamba aliyepanda chombo amejifunga na makosa ya anayekiendesha, lakini fikra hiyo ilizikwa Uingereza mwaka 1888 katika kesi ya meli iitwayo Bernina, iliyogongana na meli nyingine baharini, na mahakama zetu zilizorithi sheria ile hazijaifufua. Kwa hiyo hata kama dereva wa boda alikosea kupita kushoto, na kwa maelezo yako ninaona kwamba alikosea, kosa hilo ni lake na la mwenye lori kugawana baina yao. Mdogo wako alikuwa amekaa nyuma na mzigo wa sare. Hakushika usukani.

Tena, wanapokuwa wakosaji wawili waliosababisha jeraha moja, aliyeumia ana haki ya kumdai mmoja wao fidia yote. Kisha huyo aliyelipa ndiye amtafute mwenzake amrudishie sehemu yake. Utaratibu huo umo katika Sheria ya Marekebisho ya Sheria (Masharti Mbalimbali), ambayo ilikuwa Sura ya 79 katika toleo la mwaka 2000 la sheria za Uganda, na ndimo pia ilimo kanuni ya kugawa kosa baina ya mdai na mdaiwa. Hii ndiyo sababu mtu wa kampuni anatamani sana mmfuate mwenye boda: anajua kwamba mwenye boda huenda hana kitu, na kwamba mkianza na kampuni, kazi ya kumtafuta mwenye boda itakuwa yao wenyewe.

Sasa tuje kwenye helmeti, na hapa ninaomba usome polepole. Ni kweli kwamba sheria inamtaka abiria wa pikipiki avae helmeti kama inavyomtaka dereva, na ni kweli kwamba mahakama inaweza kupunguza fidia ya mtu aliyechangia kuumia kwake. Lakini "kupunguza" si "kufuta". Kabla ya sheria za kugawa kosa kutungwa, mdai aliyekuwa na kosa hata dogo aliondoka mikono mitupu. Siku hizo zimekwisha. Jambo la pili, na ndilo kubwa zaidi, ni kwamba punguzo hufuata jeraha. Swali ambalo hakimu hujiuliza si kama alivaa au hakuvaa, bali ni madhara gani kati ya haya yangeepukika kama angevaa. Helmeti haikingi muundi. Mfupa uliovunjika Bweyogerere ungevunjika vilevile hata kama angevaa helmeti mbili.

Mahakama zetu hazifungwi na maamuzi ya Uingereza lakini huyasikiliza, na yapo mawili yanayotajwa mara kwa mara. Katika O'Connell dhidi ya Jackson ya mwaka 1972, mwendesha pikipiki ndogo ambaye hakuvaa helmeti aligongwa na dereva wa gari aliyekuwa na kosa lote la ajali, akaumia kichwa, na fidia yake ikapunguzwa asilimia 15. Katika Froom dhidi ya Butcher, iliyoamuliwa mwaka 1975 na ambayo inahusu mkanda wa gari, mahakama iliweka vipimo: punguzo la asilimia 25 ikiwa jeraha lisingetokea kabisa, asilimia 15 ikiwa lingekuwa dogo zaidi, na hakuna punguzo lolote ikiwa mkanda usingebadilisha kitu. Hivyo ndivyo viwango tunavyovizungumzia. Hakuna aliyeambiwa arudi nyumbani bila kitu.

Nikufanyie hesabu ya kubuni ili uone umbo lake. Tuseme hakimu amethamini madhara yote kuwa shilingi milioni 30, na kati ya hizo milioni 24 ni za mguu na milioni 6 ni za jeraha la usoni. Akikubali kwamba helmeti ingepunguza jeraha la usoni, atakata asilimia 15 ya milioni 6, yaani shilingi 900,000. Mdogo wako atapewa 29,100,000. Kisha tuseme amegawa kosa la ajali asilimia 70 kwa lori na 30 kwa boda: sehemu ya boda itakuwa 8,730,000, lakini ninyi mnaweza kudai 29,100,000 zote kwa kampuni, nayo ikahangaike na boda. Hata jeraha lenyewe la paji la uso lina ubishi wake, kwa kuwa helmeti nyingi zinazovaliwa kwenye boda zetu hazina kioo cha mbele, na anayedai kwamba helmeti ingesaidia ndiye mwenye mzigo wa kuthibitisha. Si ninyi.

Kuhusu shilingi milioni 1, amesema nusu ya kweli. Sheria ya bima ya lazima ya mwaka 1989 iliweka ukomo wa milioni 1 kwa mtu mmoja na milioni 10 kwa ajali moja. Ukomo huo ni wa kampuni ya bima chini ya stika ile ya lazima. Si ukomo wa deni la mwenye lori. Kinachozidi, mwenye lori hulipa mwenyewe, au hulipiwa na bima kubwa kama anayo. Na kwa kuwa dereva wa lori alikuwa kazini, mwajiri wake anabeba kosa lake.

Karatasi msiisaini. Mtu ambaye vyuma bado vimo mguuni hajui hasara yake, na mwenye lori anajua kwamba hajui.

---

Mwenyekiti wa Steji, Banda anajibu:

Mzee Karani amefafanua vizuri na ninamshukuru, lakini ninaomba nizungumze kwa upande wa madereva wa boda, kwa sababu naona wote tumeshakubaliana kwamba kijana wetu alikosea na hakuna aliyeuliza lori lilikuwa wapi barabarani.

Wanaopita njia ile kila siku wanajua kwamba malori yanayotaka kuingia kituo cha mafuta huwa yanavutwa kwanza kulia ili yapate nafasi ya kugeuka, kwa kuwa ni marefu. Lori likienda polepole huku limeegemea katikati ya barabara, bila taa, aliye nyuma yake huliona kama lori linalotaka kukata kulia, na kulia ndiko asikoweza kulipita. Sisemi kwamba kupita kushoto ni halali. Ninasema mchoro wa afande uonyeshe magurudumu ya lori yalikuwa wapi kabla halijakata, na dada aombe nakala ya mchoro huo mapema, kabla mashahidi hawajatawanyika. Muuza chapati leo yupo. Mwezi ujao akihamishwa pale, mtamtafuta wapi?

La pili, tafadhali msimwache dereva wa boda akawa adui yenu. Madereva wengi hapa hawamiliki pikipiki wanazoendesha. Wapo wanaopeleka pesa kwa mwenye pikipiki kila jioni, na wapo wanaolipa mkopo kidogo kidogo huku kadi ya umiliki ikiwa bado imeshikwa na mkopeshaji. Kijana huyo ndiye shahidi aliyekuwa karibu zaidi na lori, na mkimtisha atakimbilia kijijini na simu yake itazimwa. Zungumzeni naye kupitia mwenyekiti wa steji yake. Sisi huwa tunajua nani anaendesha pikipiki ya nani.

Kama safari iliitwa kwa programu ya simu kama SafeBoda, basi ipo kumbukumbu ya saa, njia na jina la dereva, na hiyo ni bora kuliko maneno ya mtu yeyote.

---

Nesi wa Zamani anajibu:

Mimi nilifanya kazi wodi ya mifupa kabla ya kuhamia kuandaa ripoti za wagonjwa wanaodai bima, kwa hiyo nitazungumza kuhusu karatasi peke yake.

Madai mengi hayafi kwa sababu ya helmeti. Hufa kwa sababu ya makaratasi. Hakikisha fomu ya polisi ya uchunguzi wa majeraha imejazwa na daktari aliyemwona mgonjwa mapema, na kwamba jeraha la mguu na jeraha la usoni yameandikwa kila moja peke yake, na maelezo yake peke yake. Nimeona fomu iliyoandikwa "majeraha mengi ya ajali ya pikipiki" na basi. Ukisoma aliyoyaeleza Mzee Karani utaelewa kwa nini maneno hayo ni hasara kubwa: ikiwa majeraha yamechanganywa, mwenye lori atadai punguzo la helmeti likate hadi kwenye mguu.

Picha ya eksirei ya siku ya kwanza ihifadhiwe, na ile ya baada ya kuwekewa vyuma pia. Vyuma vikija kutolewa, daktari aandike asilimia ya ulemavu uliobaki, na aeleze kazi ya mgonjwa, kwa sababu mguu wa fundi wa cherehani ya kukanyaga si sawa na mguu wa mtu anayeshinda mezani.

Dada, ni nani anayemuuguza? Kama ni mama au wewe, andikeni siku mlizoacha kazi zenu, nauli, na chakula cha hospitalini. Risiti za dawa zilizonunuliwa nje ya hospitali zitieni kwenye bahasha moja, kwa sababu wino wake hufutika haraka; zitoeni nakala.

Kuhusu kampuni ya bima ya lori, wapelekeeni barua ya madai sasa, yenye namba ya usajili wa gari na namba ya stika, ripoti ya polisi na ripoti ya daktari. Bima hiyo ya lazima hulipa kifo na majeraha ya mwili tu, kwa hiyo msijaze ndani yake bei ya sare zilizoharibika. Hizo mdaini mwenye lori. Bima wakikaa kimya, Mamlaka ya Udhibiti wa Bima pale Kampala ina kitengo kinachopokea malalamiko ya wananchi.

---

Bint Bombo anaandika tena:

Ninawashukuru nyote. Nimezungumza na mdogo wangu jana usiku na kuna mambo mawili ambayo hakuwa ameyasema, nami ninaona ni afadhali niyaweke wazi ili ushauri wenu usijengwe juu ya mchanga.

La kwanza, dereva wa boda alimpa ile helmeti, naye akaikataa kwa sababu ndani yake ilikuwa imelowa jasho la abiria aliyetangulia. La pili, alimwambia dereva afanye haraka kwa kuwa mwalimu mkuu alikuwa anazisubiri sare kabla ya saa mbili. Dereva ameyaeleza yote mawili kwa polisi.

Vilevile, hana risiti za mapato yake. Wateja humlipa mkononi au kwa simu. Je, mahakama itaamini kwamba alikuwa akipata chochote?

---

Karani Mstaafu, Jinja anajibu:

Umefanya vyema kuyasema, na mwambie mdogo wako ayaseme vilevile mbele ya hakimu akiulizwa. Shahidi anayeficha dogo huonekana anaficha na kubwa.

Kukataa helmeti kunaondoa kisingizio cha kwamba hakupewa, basi. Hakubadilishi kanuni: punguzo bado litafuata jeraha la kichwa na uso, na mguu utabaki pale ulipo. Labda hakimu atakuwa mkali zaidi kwenye asilimia. Jasho la abiria aliyetangulia ni malalamiko ya kila mtu mjini Kampala, mimi mwenyewe nimewahi kuishika helmeti ya boda kwa vidole viwili, lakini sitegemei kwamba hakimu atalikubali kuwa ni sababu.

La "fanya haraka" ni zito kidogo zaidi, kwa kuwa linagusa ajali yenyewe wala si jeraha peke yake, na likikubaliwa linaweza kupunguza hata fidia ya mguu. Lakini lipimwe kwa makini. Kumwambia dereva una haraka si kumwamuru apite kushoto ya lori. Abiria ambaye fidia yake ilipunguzwa kwa asilimia 20 katika kesi ya Uingereza ya Owens dhidi ya Brimmell, mwaka 1977, alikuwa amezunguka kwenye baa akinywa pamoja na dereva wake kisha akapanda naye gari, akijua hali yake. Ulinganishe mwenendo huo na wa fundi anayechelewa kupeleka sare. Afande aulizwe dereva alisema maneno gani hasa: je, aliambiwa apite, au aliambiwa tu muda umekwisha? Na je, kati ya maneno yale na ajali kulikuwa na umbali gani wa barabara? Ikiwa yalisemwa Kireka na ajali ikatokea Bweyogerere, dereva alikuwa na nafasi ya kutosha ya kutumia akili yake mwenyewe.

Kuhusu mapato, hasara mahususi, yaani ile inayohesabika kwa fedha kama mapato yaliyopotea, ni lazima itajwe waziwazi katika madai na ithibitishwe kwa ukamilifu, ila kuthibitisha si lazima kuwe kwa risiti kila mara; Mahakama Kuu ilisema hivyo katika kesi ya Kyambadde dhidi ya utawala wa Wilaya ya Mpigi, mwaka 1983. Chukueni taarifa ya pesa za simu kwa miezi iliyotangulia ajali. Mleteni mwalimu mkuu aliyeagiza sare aeleze alikuwa analipa nini kwa jozi moja na jozi ngapi kwa muhula. Daftari la vipimo vya wateja pia ni ushahidi, hasa likiwa na tarehe na malipo ya awali yaliyoandikwa pembeni, na mafundi wote ninaowajua wanalo.

Madai yasiyozidi shilingi milioni 20 husikilizwa na hakimu wa daraja la kwanza, na yasiyozidi milioni 50 na hakimu mkuu. Kwa hali ya mguu mnayoieleza ninatarajia mtafika kwa hakimu mkuu. Utaratibu wa madai madogo, ule wa hadi milioni 10, msihangaike nao, kwa kuwa ni wa madeni, kodi za nyumba na mauzo. Jalada likifunguliwa mtapelekwa kwanza kwenye usuluhishi, na hapo ndipo kampuni huongeza ofa yake, kwa hiyo msiende bila ripoti ya daktari ya ulemavu. Wakili wa bure mnaweza kumtafuta kupitia mradi wa msaada wa kisheria wa Chama cha Wanasheria cha Uganda.

Kuna muda wa kuuchunga. Madai ya majeraha ya mwili yatokanayo na uzembe hufunguliwa ndani ya miaka 3 tangu siku ya ajali, na mazungumzo na mtu wa kampuni, hata yakiwa ya upole namna gani, hayasimamishi hesabu ya miaka hiyo. Akija tena, mwombeni aandike ofa yake kwenye karatasi yenye nembo ya kampuni, mmshukuru, na mumwambie mtamjibu vyuma vikishatolewa.